Kurekodi taarab ionekane kama televisheni ya zamani: jukwaa, taa na maiki zipangwe vipi?

Mwana_Ngamiani

Wakuu, salaam. Kikundi chetu hapa Tanga kinaandaa nyimbo 4 za taarab ya zamani, na tumekubaliana zirekodiwe zionekane kama kipindi cha televisheni cha miaka ya 60 au 70: picha nyeusi na nyeupe, wapigaji wametulia, hakuna taa za kuzunguka. Tuko 12: mwimbaji, waitikiaji 3, fidla 2, kodiani, gita, besi, bongo, rika (tari ndogo yenye visahani), na kanuni (chombo cha nyuzi nyingi) ya kuazima. Ukumbi ni mita 12 kwa 8. Vifaa ni kamera 3 za kawaida, taa 4 za halojeni za wati 1000 kila moja, maiki 4 na mikseri ndogo.

Studio za wakati ule zilikuwa zinaikalisha bendi vipi? Maiki zilikaa wapi, maana kwenye picha nyingi hazionekani? Na nguo je? Tulijaribu programu ya simu ya kuzeesha video, ikatoa mikwaruzo na picha ya kurukaruka. Wazee walioiona wakasema televisheni haikuwa hivyo.

Fundi_Transmita

Wazee wako wamesema kweli. Mikwaruzo ile ni ya filamu. Kipindi kilichorushwa moja kwa moja kilitoka kwenye kamera kikapita kwenye waya hadi kwenye transmita, hakukuwa na kitu cha kukwaruzika njiani. Vipindi vilivyotoka na mikwaruzo ni vile tu vilivyohifadhiwa kwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye kioo cha monita, na nyingi kati ya picha zilizobaki za miaka ya 50 zimehifadhiwa kwa njia hiyo, ndiyo maana watu wanachanganya.

Kabla ya taa, amueni kwanza mnaiga televisheni ya wapi. Bara hatukuwa na kituo cha televisheni hadi mwaka 1994, vilipoanza vituo binafsi. Vikundi vyetu vya taarab vya hapa Tanga, Black Star na Lucky Star, vilivuma kwa redio na sahani za santuri, kwa hiyo "kipindi cha televisheni cha Tanga cha 1970" hakikuwahi kuwepo. Zanzibar walianza 1973, tena kwa rangi tangu siku ya kwanza. Mkisema mnaiga Zanzibar mkaleta picha nyeusi na nyeupe, atakayejua atawacheka. Kenya walianza 1962 na Uganda 1963, hao ndio wa nyeusi na nyeupe. Mimi ningechagua Kenya ya miaka ya 60, maana Mombasa na Tanga taarab yao haiko mbali, na taa zenu 4 zinatosha. Studio za rangi za wakati ule zilidai mwanga mwingi zaidi.

Sasa nguo. Hapa ndipo wengi wanapoharibu, na chanzo ni ile neli ya kioo ya ndani ya kamera, ya kunasa picha, iliyoitwa imeji othikoni, iliyotawala studio tangu mwishoni mwa miaka ya 40. Ilikuwa na macho mazuri gizani kuliko ikonoskopu iliyoitangulia, ile iliyowachoma waimbaji kwa taa za maelfu ya luksi (kipimo cha mwanga). Kasoro yake: kitu cheupe sana au chenye kumeremeta kilizungukwa na duara jeusi. Mwimbaji aliyevaa shati jeupe alitokea na shingo nyeusi kama amepakwa masizi. Ndiyo maana watu wa studio walivaa mashati ya buluu hafifu, na kanuni ya kazi ikawa kitambaa cheupe kisirudishe zaidi ya asilimia 60 hivi ya mwanga. Kitambaa cheupe cha dukani kinarudisha 80 hadi 90. Uso wa mtu mweusi hurudisha chini ya robo. Weka uso huo juu ya kanzu ya bafta inayong'aa, kamera itabana mwanga kwa ajili ya kanzu na uso utapotea. Kamera zenu za leo hazina duara jeusi, ila hilo la pili linawahusu vilevile.

Dawa ni chai. Kanzu za pamba tupu mziloweke kwenye lita 5 za maji ya moto yaliyochemshwa na vijiko vikubwa 2 vya majani, mchuje kwanza, dakika 10, msuuze. Jaribuni kipande kabla. Kitambaa cha tetroni hakishiki chai, hicho tafuteni cha rangi ya maziwa tangu mwanzo. Kwenye picha nyeusi na nyeupe kanzu itaonekana nyeupe kabisa, ila uso nao utaonekana.

Vikoi vya mistari myembamba na kanga za vidoti vidogo viepukeni. Televisheni ya zamani ilichora mistari kwa zamu, isiyo shufwa kwanza na iliyo shufwa baadaye, kwa hiyo mstari mwembamba wa kulala ulioangukia zamu moja tu ulipepesa mara 25 kwa sekunde. Kanga ya maua makubwa ni nzuri mno, inasomeka hata kwenye kioo kidogo. Angalieni pia nyekundu na kijani: kwenye nyeusi na nyeupe zinaweza kutoka kijivu kilekile, pambo zima likapotea. Geuzeni kamera ya simu iwe nyeusi na nyeupe, mzipitie nguo zote kabla ya kushona chochote.

Vipuli, mikufu na vitufe vya kodiani: pitisheni sabuni ya mche iliyokauka juu ya chuma, kisha mpanguse kidogo kwa kitambaa. Mng'ao unafifia, na inatoka kwa maji. Msiguse nyuzi.

Kodiani_12

Nijibu upande wa sauti, maana hapo juu macho yamepewa haki yake.

Maiki hazikuonekana kwa sababu zilining'inia juu ya vichwa kwenye mkono mrefu wa chuma, na fundi mmoja kazi yake ilikuwa kuuzungusha na kuurefusha kumfuata mwimbaji. Mkono huo uliwasumbua watu wa taa kuliko kitu kingine chochote, kwa sababu kivuli cha maiki kilianguka usoni au ukutani. Njia yao: kama mkono unaingilia kushoto, taa kuu inatoka kulia, kivuli kinatupwa nje ya picha. Na maiki ikipanda juu kukwepa kivuli, sauti inakuwa ya chooni.

Ninyi hamuuhitaji. Mwimbaji wa taarab hatembei. Anasimama au anakaa mahali pamoja, na maiki ya stendi mbele yake haikuwa aibu kwenye televisheni ya wakati huo. Wekeni stendi nyembamba, maiki chini ya kidevu kidogo, sentimita 30 hadi 40 kutoka mdomoni. Ikija karibu zaidi sauti inanenepa kama ya mtangazaji wa usiku, na herufi "p" na "b" zinapiga. Simu nyingi hazitoi besi, lakini mtakaposikiliza kwa spika kubwa mtajuta.

Bendi yote ichukuliwe na maiki moja, mbili zikizidi. Mizani ya sauti wakati ule ilitengenezwa kwa futi za sakafu: anayesikika sana anarudi nyuma, asiyesikika anasogea. Kwa watu wenu ningeanza hivi. Maiki kuu kwenye urefu wa mita 2, inaangalia chini kidogo. Fidla 2 mita moja na nusu kutoka maiki, kanuni mita moja na kidogo (haina sauti kubwa, iwe karibu kuliko wote), kodiani mita 2 na nusu, bongo mita 3 na ziwe chini. Rika mita 3 na nusu kisha mpigaji azungushe bega, asilielekeze kwenye maiki. Vile visahani vyake vidogo vinakata kila kitu. Gita na besi zina spika zake. Sauti iwe ndogo kiasi kwamba mtu anaweza kuzungumza kando yake bila kupaza. Waitikiaji watatu wapewe maiki yao, nusu duara, sentimita 70.

Kisha rekodini dakika moja, msikilize, msogeze viti, si vifundo vya mikseri. Wekeni alama sakafuni kwa utepe kila kiti kikipata pahala pake. Mtu akirudi kutoka kunywa maji na kukaa nusu mita mbele, wimbo wa pili hautafanana na wa kwanza.

Kama maiki ziko mbili au zaidi, kila moja iwe mbali na mwenzake angalau mara tatu ya umbali wake kutoka kwa anayeimba. Mwimbaji yuko sentimita 40? Maiki ya jirani isikaribie chini ya mita 1 na sentimita 20. Mkilipuuza hilo, sauti moja inaingia mara mbili kwa kuchelewa kidogo na inatoka nyembamba kama ya ndani ya bomba.

Joto la taa sasa. Mwangalizi wa televisheni anaona mwanga, mpiga kanuni anaona balaa. Kanuni ya kawaida ina nyuzi 78, tatutatu kwa sauti 26, na daraja lake limekalia ngozi. Taa ikiikausha ngozi inavutika, daraja linapanda, sauti zinapanda. Nyuzi nazo zikipata moto zinalegea, zinashuka. Vitu viwili vinavutana kwenye chombo kimoja. Ongeza unyevu wa bahari wa hapa kwetu, ambao usiku unaifanya ngozi ilegee tena. Bongo ni rahisi zaidi, zenyewe zinapanda tu. Fidla na gita zinashuka. Basi washeni taa zote, vyombo viwe mahali pake, vikae dakika 25 au 30, ndipo mlinganishe. Msizime taa kati ya wimbo na wimbo mkitaka kuokoa umeme, mtaanza upya. Na kanuni isikae chini ya taa moja kwa moja, ipeni mita 3 angalau.

Feni za dari zizimwe wakati wa kurekodi. Nazo zikizimwa ukumbi utachemka, kwa hiyo panga saa: baada ya isha, si mchana.

Mwana_Ngamiani

Nimeshika kalamu, ahsanteni sana. Mambo mawili yamebaki. Mwimbaji wetu ni mtu mzima na sauti yake haidumu nyimbo 4 mfululizo, anataka ule wa nne acheze midomo tu juu ya mkanda. Je, wakati ule ilikuwepo, au tutakuwa tumedanganya? Pili, tunataka watu wachache ukumbini waje kutuza. Kamera zitasimama wapi wasizibwe?

Bi_Chumbageni

Kuchezesha midomo kulikuwepo, tena sana, hasa Uingereza na Marekani kwenye vipindi vya nyimbo za vijana tangu miaka ya 50. Sababu zilikuwa za kawaida kabisa: studio ndogo, bendi kubwa, muda wa mazoezi mchache. Chama cha wanamuziki wa Uingereza kilipinga kwa kuwa kiliwanyima wapigaji kazi, na mwaka 1966 BBC ikabanwa isiendelee na mtindo wa kupiga tu sahani ya dukani. Kwa hiyo hamdanganyi mtu, mradi mfanye vizuri.

Mwambieni mwimbaji aimbe kwa sauti hasa, ingawa hamrekodi. Asiyetoa sauti, mishipa ya shingo haisimami na kifua hakijai, mtazamaji anajua hata kama hajui amejuaje. Rekodini sauti ya wimbo wa nne siku nyingine, ukumbi huohuo, kisha mpige kwa spika iliyo karibu naye. Karibu, kwa sababu sauti inatembea karibu sentimita 34 kwa kila sehemu moja ya elfu ya sekunde. Spika ikiwa mita 10, inamfikia imechelewa sehemu 29 za elfu za sekunde. Kwa midomo mtu haoni, lakini bongo akipiga kwa kusikia spika hiyo na fidla zinasikia nyingine, mkono na mlio vinaachana. Hesabu ya kuanzia iwe kwenye mkanda: moja, mbili, tatu, nne, ndipo bashrafu (ufunguzi wa vyombo bila kuimba). Wapigaji wa fidla wasiguse nyuzi kwa upinde wao wa kawaida. Wapake sabuni kwenye manyoya ya upinde wa akiba, utateleza bila mlio. Na gita lichomekwe waya. Gita la umeme lisilo na waya ndilo linalowaumbua wengi.

Kutuza ni shida ya kweli, kwa sababu mtuzaji anapita katikati ya kamera na mwimbaji, anasimama, anacheza kidogo, na mgongo wake unajaza kioo. Sitaki kuwaambia mkate, taarab bila tuzo imekuwa mhadhara. Fanyeni hivi. Kamera ya 1 katikati, nyuma, juu ya meza, urefu wa mita 2, inachukua jukwaa zima. Kamera ya 2 kushoto kwa mwimbaji, digrii 40 hivi, uso na mabega. Kamera ya 3 kulia, kwa mikono ya wapigaji. Njia ya watuzaji muichore kwa utepe itokee kulia, wapite mbele ya kamera ya 3, wamfikie mwimbaji upande wa kulia na warudi huko huko. Kamera ya 2 haizibwi kamwe. Mtuzaji akiinuka tu, mnahamia 2, na wenye kamera ya 3 wanageukia wapigaji. Wakati noti inawekwa, 2 inaona mkono, noti na uso wa mwimbaji kwa pamoja. Hiyo picha peke yake inatosha kulipa gharama yote.

Kamera za zamani zilikuwa na lenzi 4 kwenye sahani ya kuzungusha mbele. Fundi akitaka kukaribia anazungusha, na picha inavurugika kwa muda, kwa hiyo alizungusha pale tu kamera yake ilipokuwa haiko hewani. Maana yake kwenu: msivute lenzi hewani. Hamieni kamera nyingine, yule wa kwanza abadilishe, arudi. Kuunganisha kuwe kwa kukata kwenye mapigo ya bongo au kuyeyusha picha moja ndani ya nyingine polepole, sekunde 2 au 3, mwisho wa ubeti. Hakuna lingine.

Andikeni kadi. Mtu mmoja asiyepiga chombo anakaa na karatasi, anahesabu mapigo kwa sauti kwenye simu za masikioni za wapiga picha. Mfano wa mistari yake:

Shoti 6, kamera 1, bashrafu, mapigo 16.
Shoti 7, kamera 3, fidla, mapigo 8.
Shoti 8, kamera 2, ubeti wa kwanza, mistari yote 4.
Shoti 9, kamera 1, kiitikio.

Ubeti wa pili hapo ndipo mtuzaji wa kwanza aruhusiwe kuinuka. Mwambieni mapema, na apewe noti mpya. Zilizokunjwa hazifunguki vizuri mbele ya kamera.

Picha iwe 4 kwa 3, na nyuso zisikaribie kingo. Vioo vya zamani vilikuwa na pembe za mviringo na vilikula pembezoni, kwa hiyo acheni sehemu moja ya kumi kila upande isiwe na jambo la maana.

Fundi_Transmita

Naongezea kwa kuwa umeme haujatajwa na utawaharibia usiku wote. Taa 4 za wati 1000 kwa volti 230 zinavuta zaidi ya ampea 17. Soketi moja inabeba 13. Zigaweni mbili kwenye soketi ya upande huu na mbili kwenye mzunguko mwingine kabisa, na mikseri isiwe kwenye njia ya taa. Waya wa ekstensheni ufunguliwe wote hata kama ni mrefu kuliko mnavyohitaji. Ukiachwa umezungushwa kwenye gurudumu lake unapata moto ndani na mpira unayeyuka. Balbu ya halojeni msiishike kwa kidole kitupu, mafuta ya mkono yanaiacha na doa, pale ndipo inapopasuka.

Mpangilio: moja kulia kwa mwimbaji, mita 3 juu, digrii 45. Moja kushoto, mbali zaidi, ya kufifisha vivuli. Moja nyuma yake juu, imwangazie mabega na kichwa, kwa sababu nyeusi na nyeupe haina rangi ya kumtenga na pazia, nuru ya nyuma ndiyo inayomtoa. Ya nne kwenye pazia la kijivu. Pazia jeupe hapana, jeusi hapana.

Kamera zote tatu: zimeni kila kinachojirekebisha chenyewe, kwa sababu mtu wa kanga nyeupe akipita, kamera itajifunga na jukwaa litaingia giza. Kufungua na kufunga kwa lenzi kuwe 1/50 ya sekunde, ili kuendane na umeme wetu wa mizunguko 50, taa zisipepese. Na chukueni picha 50 kwa sekunde, si 25. Hili dogo linabeba mengi. Harakati laini ya 50 ndiyo inayomfanya mtazamaji aseme hii ni televisheni. 25 inafanana na sinema. Mkitaka ifanane na kipindi kilichohifadhiwa kwa filamu, basi 25, na hapo hata vumbi kidogo linaruhusiwa. Ila chagueni moja.

Programu ya simu itupeni. Baada ya kurekodi punguzeni ukali wa picha kidogo, mzuie nyeupe isifike mwisho, nyeusi iwe kijivu kizito. Basi.

Na kila wimbo urekodiwe mzima, mwanzo hadi mwisho. Mashine ya kwanza ya mkanda wa picha iliyofaa kazi, ya kampuni ya Ampex mwaka 1956, ilitumia mkanda wa inchi 2, na kuunganisha kipande kulifanywa kwa wembe. Kichwa cha sauti kilikaa mbele ya vichwa vya picha kwa zaidi ya nusu sekunde, kwa hiyo ukikata mahali picha inapofaa, sauti ya muziki inaruka. Kwa muziki walikwepa kukata. Aliyekosea katikati, alirudia wimbo wote. Mkanda wenyewe ulikuwa ghali kiasi kwamba ulifutwa na kutumika tena, ndiyo sababu maonyesho mengi ya zama hizo hayapo.

Mwana_Ngamiani

Nimeelewa. Kanzu tunaanza na chai kesho. Swali la mwisho: rika mita 3 na nusu, ukumbi wetu upande huo una ukuta wa saruji nyuma yake, si itarudisha mlio?

Kodiani_12

Itarudisha, na mbaya zaidi itarudisha kwenye maiki ya waitikiaji. Tundikeni mablanketi mawili mazito nyuma ya mpiga rika, yasigusane na ukuta, yawe mbele yake kwa sentimita 15 hivi. Mkeka hausaidii, ni mwembamba. Kama hamna blanketi, mgeuzeni rika na bongo wabadilishane, bongo zikae ukutani.